Geto, Shylock na swali la "Myahudi ni nani?"

Kijana wa Dar es Salaam akikuambia "twende geto", anakupeleka kwenye chumba chake cha kupanga: godoro chini, spika pembeni, mtungi mdogo wa gesi, na mashati yaliyoning'inizwa kwenye msumari. Mtu wa Nairobi aliyebanwa na kodi ya nyumba akikuambia amekwenda kwa shylock, ujue amekwenda kwa mkopeshaji wa mtaani, yule asiyeuliza maswali mengi ila anabaki na kitambulisho chako na televisheni yako mpaka umalize deni. Maneno haya tunayatamka kutwa bila kuyafikiria. Yote mawili yametoka mji mmoja, Venice ya Italia, na yote mawili yanawahusu Wayahudi. La kwanza lilikuwa jina la mtaa waliofungiwa humo. La pili ni jina la Myahudi ambaye hakupata kuzaliwa; alitungwa na mtu wa nchi iliyokuwa imewafukuza Wayahudi wake miaka mia tatu nyuma.

Nayataja kwa sababu tangu vita vya Gaza vilipolipuka Oktoba 2023, kila kijiwe kina bingwa wake wa habari za Wayahudi. Huyu anasema ni taifa teule la kwenye Biblia, basi. Yule anasema ni Wazungu waliojipachika jina. Wa tatu anauliza: sasa wale weusi wa Ethiopia? Na kinyozi, mashine mkononi, anafunga mjadala: "Myahudi, Mwisraeli, Mwebrania, Mzayuni, si ni walewale?"

Si walewale. Sina nia ya kuchambua vita hapa, wachambuzi wapo. Nataka tuingilie mlango mwingine: Wayahudi wenyewe wamejieleza vipi kwenye vitabu walivyoandika na picha walizochora? Maana wengi wetu Myahudi tumeelezwa na watu wa pembeni: mhubiri, mtangazaji, na Shakespeare.

Majina manne

Mwebrania ndilo jina la kale kuliko yote. Biblia inamwita hivyo Abramu. Leo limebaki zaidi kwenye jina la lugha, Kiebrania.

Mwisraeli lina maana mbili, na hapo ndipo watu wengi wanapopotea. Israeli ni jina alilopewa Yakobo, kwa hiyo uzao wake ni wana wa Israeli. Msomaji wa Kurani anawajua kama Bani Israili. Hiyo ni maana ya kale. Maana ya leo ni ya pasipoti: raia wa dola la Israeli lililotangazwa mwaka 1948. Katika kila raia watano wa dola hilo, mmoja hivi ni Mwarabu. Kwa hiyo wako Waisraeli wasio Wayahudi, na wako Wayahudi wasio Waisraeli, mamilioni, wa Marekani, Ufaransa, Argentina na kwingineko.

Myahudi linatokana na Yuda, mmoja wa wana wa Yakobo, ambaye ufalme wa kusini wenye makao Yerusalemu ulibeba jina lake. Babeli ilipouvunja mwaka 586 KK na kuwachukua watu wake utumwani, waliobaki na kitabu chao na kumbukumbu zao waliitwa kwa jina la ufalme huo ambao haukuwapo tena.

Mzayuni ni jina la msimamo wa kisiasa. Ni mfuasi wa vuguvugu lililoshika kasi mwishoni mwa karne ya 19, likisema Wayahudi wawe na nchi yao. Theodor Herzl, mwandishi wa habari wa Vienna, aliitisha mkutano wake mkuu wa kwanza mjini Basel mwaka 1897. Wako Wayahudi wanaoupinga Uzayuni, wengine kwa sababu za dini kabisa, na wako Wakristo ambao ni Wazayuni moto kuliko Herzl. Baadhi yao unawasikia kila Jumapili kwenye spika za mtaani kwako.

Hayo ni majina. Lakini Myahudi mwenyewe ni nani? Hapa sisi tuna bahati ya kuelewa haraka, kwa sababu tuna swali letu linalofanana na hilo: Mswahili ni nani? Ni mzaliwa wa Lamu na Mombasa? Ni Mwislamu wa pwani? Ni yeyote anayekizungumza Kiswahili, hata Mmakonde wa Newala au mtu wa Lubumbashi? Au ni mjanja wa mjini, yule tunayemwambia "acha uswahili"? Kila jibu lina ukweli, na kila jibu linaacha watu nje. Uyahudi nao uko hivyo. Ndani yake mna dini, mna ukoo, mna miiko ya chakula na kalenda, mna kumbukumbu ya pamoja. Mtu anaweza kushika kimoja, akaacha vingine, na bado akahesabiwa.

Sheria ya dini yao inasema Myahudi ni aliyezaliwa na mama Myahudi au aliyeingia dini kwa utaratibu. Inaonekana nyepesi mpaka ukutane na Oswald Rufeisen. Huyu alizaliwa Poland, Myahudi baba na mama. Wakati wa vita vya pili vya dunia alijifanya si Myahudi, akawa mkalimani wa polisi wa Wanazi, watu wa Hitler, katika mji wa Mir, na mwaka 1942 akawatonya Wayahudi wa mji huo siku ya kuuawa kwao. Kiasi cha watu 300 wakawahi kukimbilia msituni. Alipofichwa na watawa wa Kikatoliki, akabatizwa, akawa mtawa, akaitwa Ndugu Daniel. Baada ya vita akahamia Israeli, akaomba uraia kwa sheria inayompa kila Myahudi haki ya kurudi. Mwaka 1962 mahakama kuu ilimkatalia. Majaji walikiri kwamba kwa sheria ya marabi bado ni Myahudi, maana mama ni mama. Ila kwa maana ya neno lile mdomoni mwa watu wa kawaida, Myahudi aliyejiunga na Ukristo ametoka kundini. Baadaye alipata uraia kwa njia ile anayopitia mgeni yeyote.

Dola la Kiyahudi likasema huyu si Myahudi, na dini ya Kiyahudi ikasema ni Myahudi. Ukiona wenyewe hawajakubaliana, usishangae kijiwe chako kushindwa.

Lugha nyingi, herufi zilezile

Watu wengi hudhani Wayahudi siku zote walizungumza Kiebrania. Sivyo. Kwa karne nyingi Kiebrania kilikuwa lugha ya sala na ya kusomea, na nyumbani watu walizungumza lugha ya pale walipo, wakiiandika kwa herufi za Kiebrania.

Musa bin Maimun, mwanafalsafa wao mkubwa kuliko wote wa zama za kati, alizaliwa Córdoba, Hispania ya Waislamu, akafia Misri mwaka 1204 akiwa tabibu katika utawala wa kina Salahuddin. Kitabu chake maarufu, Mwongozo wa Waliotatizika, alikiandika kwa Kiarabu, tena kwa herufi za Kiebrania. Aliyewahi kuona muswada wa Utendi wa Tambuka wa mwaka 1728 hashtuki: lugha ni Kiswahili, herufi ni za Kiarabu. Ndiyo mchezo uleule.

Na tunajua sana habari za maisha ya kina Maimun kwa sababu ya desturi ambayo Mwislamu ataitambua mara moja: karatasi yenye jina la Mungu haitupwi jalalani. Katika sinagogi la Fustat, Cairo ya kale, zilikuwa zikitupiwa kwenye chumba kimoja, karne baada ya karne. Mwaka 1897 mwanachuoni Solomon Schechter alisafirisha kutoka humo vipande vipatavyo 190,000 hadi Cambridge. Mlikuwa na sala, lakini pia barua za wafanyabiashara wa Bahari ya Hindi, hati za talaka, orodha za vyombo vya bibi harusi, madaftari ya watoto wanaojifunza herufi, na rasimu za Musa bin Maimun kwa mwandiko wake mwenyewe, na mistari aliyoikata.

Ulaya ya mashariki ilikuwa na Kiyidi. Msingi wake ni Kijerumani, ndani yake mna Kiebrania, Kiaramu na maneno ya Kislavoni, na kinaandikwa kutoka kulia. Mtu akisikia "kitabu" na "elimu" anakwambia Kiswahili ni Kiarabu. Mwenzake akisikia Kiyidi anasema ni Kijerumani kibovu. Hata wasomi wa Kiyahudi walikidharau, wakakiita lugha ya jikoni. Ndiyo maana Solomon Rabinovich, mzaliwa wa Ukraine, alipoanza kukitumia kuandika hadithi mwaka 1883 alijificha nyuma ya jina la utani: Sholem Aleichem. Litamke polepole utalisikia. Ni "salaam alaykum" ya Kiebrania, kwa hiyo kila aliyefungua kitabu chake alianza kwa kusalimiwa. Mhusika wake mashuhuri ni Tevye, muuza maziwa fukara mwenye mabinti, anayenukuu maandiko akikosea nusu na kubishana na Mungu njiani kama unavyobishana na mwenye nyumba. Binti mmoja anaolewa na fundi cherehani, mwingine anamfuata mwanamapinduzi hadi Siberia, mwingine anaolewa na Mkristo, na hapo baba anavunjika. Kila ndoa ni swali lilelile la Myahudi ni nani, ila limevalishwa gauni la harusi.

Kabla ya vita vya pili vya dunia wazungumzaji wa Kiyidi walizidi milioni 10. Wayahudi milioni 6 waliouawa na utawala wa Hitler walikuwa wengi wao watu wa lugha hiyo. Isaac Bashevis Singer aliendelea kuiandika akiwa New York, gazetini, na mwaka 1978 akapata Tuzo ya Nobel kwa lugha ambayo wasomaji wake wengi walikuwa wameuawa.

Lakini usidhani Kiyidi kilikuwa cha wote. Primo Levi, mkemia wa Turin, Italia, aliyenusurika Auschwitz, kambi ya mauaji ya Wanazi, na namba 174517 mkononi, anasimulia kwamba akiwa njiani kurudi kwao alikutana na wasichana wa Kiyahudi wa Ulaya mashariki, wakakataa katakata kuamini kuwa yeye ni Myahudi. Hajui Kiyidi, Myahudi gani? Wanazi hawakuwa na shaka hiyo hata kidogo. Na Wayahudi wa Ethiopia, Beta Israel, walikuwa na Torati yao kwa Kige'ez, lugha ya kale ya Ethiopia, bila Kiebrania. Mei 1991 ndege ziliwabeba kama 14,000 kutoka Addis Ababa hadi Israeli kwa muda usiofika siku mbili, na walipotua wakaanza kuhojiwa kama Uyahudi wao umekamilika. Ukichanganya na wenye asili ya Iraq, Yemen, Iran na Morocco, ambao pamoja na uzao wao ni karibu nusu ya Wayahudi wa Israeli, ile hoja ya "Wazungu waliojipachika jina" inakosa pa kusimama.

Kurudi Venice

Sasa geto. Tarehe 29 Machi 1516 serikali ya Venice iliamuru Wayahudi wote wahamie kisiwa kimoja kidogo cha mji, palipokuwa zamani na kiwanda cha kuyeyushia shaba. Kiwanda cha namna hiyo kwa lahaja ya pale kiliitwa geto, na wataalamu wengi wanakubali ndipo jina lilipotoka. Milango ilifungwa usiku, na mishahara ya walinzi wake ililipwa na haohao waliofungiwa. Hawakuruhusiwa kumiliki ardhi wala nyumba. Eneo lilipojaa wakajenga kwenda juu, ghorofa saba, dari za chini ukisimama unainama. Jina likasambaa Ulaya, likavuka hadi mitaa ya Weusi ya Marekani, likapanda kwenye muziki wa rap, likashukia Manzese na Mathare. Kijana anayefunga geto lake usiku angalau ufunguo anao mwenyewe.

Kazi walizoachiwa zilikuwa chache: udaktari, nguo na vitu vilivyokwisha kutumika (naam, mitumba) na mikopo. Kanisa lilikataza Wakristo kutozana riba, na maskini wa mji walihitaji pa kuweka rehani. Basi mkataba wa serikali ukawalazimisha Wayahudi waendeshe maduka ya rehani, kwa riba iliyopangwa na serikali yenyewe. Ndiyo asili ya ule uzushi kwamba Myahudi ana riba damuni: unamfungia mtu milango yote, unamwachia mmoja, kisha unamtukana kwa kupita hapo.

Shakespeare alimtunga Shylock, mkopeshaji wa Kiyahudi, karibu na mwaka 1596 katika tamthilia yake The Merchant of Venice, yaani Mfanyabiashara wa Venice. Uingereza ilikuwa imewafukuza Wayahudi mwaka 1290 na haikuwaruhusu tena mpaka 1656. Sisi tulimpata Shylock kwa mkono wa Mwalimu Nyerere, aliyeitafsiri tamthilia hiyo mwaka 1969 kwa jina Mabepari wa Venisi. Kichwa hicho huwa kinanifikirisha. Mfanyabiashara wa kichwa cha Kiingereza ni mmoja, tena ni Mkristo, Antonio; Mwalimu, miaka miwili baada ya Azimio la Arusha, akaandika mabepari, wengi, akiwaingiza kapu moja mkopeshaji na mkopaji. Kwa neno moja aliitoa kesi kwenye dini akaipeleka kwenye mali. Lakini kwenye lugha ya mtaani kesi ilibaki kwa Shylock.

Ukitaka Myahudi halisi wa Venice, msome rabi Leon Modena, aliyezaliwa 1571 na kufa 1648, na akaandika kwa Kiebrania habari za maisha yake kwa ajili ya jamaa zake. Hana fedha za kukopesha. Yeye ndiye mdaiwa. Anaorodhesha kazi 26 alizojaribu ili apate riziki: kufundisha watoto, kuhubiri, kuwaandikia wengine mahubiri, kutafsiri, kusahihisha kazi za mtambo wa kuchapa, kutunga mashairi ya harusi na ya makaburi, kufundisha muziki, kuuza hirizi, ushenga. Anakiri ugonjwa wake, kamari; anaapa kuacha, anarudi, anaapa tena. Anazika wanawe. Ukimaliza kurasa zake, Shylock anaonekana mwembamba kama karatasi.

Na katika Venice hiyohiyo ndipo kati ya 1520 na 1523 ilipochapwa kwa mara ya kwanza Talmudi nzima, kitabu chao kikuu cha sheria na mijadala ya marabi, na mchapaji alikuwa Mkristo kutoka Antwerp, Daniel Bomberg. Naomba uutazame ukurasa wake, kwa sababu mpangilio huo ndio unaotumika hadi leo. Katikati kuna matini ya kale: sheria, na chini yake mabishano ya marabi kuhusu sheria hiyo. Upande mmoja, kwa herufi za namna nyingine, kuna maelezo ya Rashi, Mfaransa wa karne ya 11. Upande wa pili wapo wajukuu zake na wanafunzi wao, wakimpinga babu. Pembezoni kabisa wengine tena. Ni baraza la watu waliopishana miaka elfu, kila mmoja anamjibu mwenzake kama vile kikombe cha kahawa bado cha moto. Na aliyeshindwa hoja hafutwi. Maoni yake yanabaki palepale. Mwaka 1553 Kanisa liliamuru Talmudi zichomwe hadharani, Roma na kwenye uwanja wa Mtakatifu Marko, Venice, dakika chache kwa miguu kutoka zilikochapwa.

Kwa maoni yangu ukurasa huo unajibu swali la utambulisho kuliko kipimo chochote cha damu. Kilichowashika pamoja kwa miaka elfu mbili bila nchi ni kusoma kitabu kimoja na kutokubaliana juu yake.

"Wayahudi hawachori"

Uzushi huu unatokana na amri ya pili: "Usijifanyie sanamu ya kuchonga." Kwa kweli wako marabi walioishika kwa ukali, na masinagogi mengi hayana sura ya mtu. Lakini mwaka 1932, mashariki mwa Syria mahali paitwapo Dura-Europos, wachimbaji walifukua sinagogi la katikati ya karne ya 3 ambalo kuta zake zimejaa picha toka juu mpaka chini. Mwanamke amesimama mtoni bila nguo, kambeba Musa mchanga mbele ya kile kisanduku alichofichwa. Kwenye ukuta mwingine Ezekieli yuko bondeni, na mifupa mikavu inavishwa nyama. Picha hizo zilipona kwa bahati ya vita: jengo lilikuwa kando ya ukuta wa mji, na watu walipojiandaa kuzingirwa na Waajemi walilifukia kwa udongo ili kuimarisha boma. Siku hizi ziko kwenye makumbusho ya Damascus.

Wengine walitafuta njia ya katikati. Kusini mwa Ujerumani, karibu mwaka 1300, mchoraji mmoja alipamba Hagada, kitabu kinachosomwa mezani usiku wa Pasaka, na watu wengi humo akawachora na miili ya binadamu na vichwa vya ndege. Midomo ya ndege imetokeza chini ya kofia zenye ncha ambazo Wayahudi wa Ujerumani walitambulishwa nazo. Kwa nini ndege? Wengi wanasema alikwepa kuchora sura ya mtu. Wengine hawaridhiki na jibu hilo.

Hagada yenyewe tuielewe, maana ndiyo kitabu cha Kiyahudi kilichopambwa kuliko vingine. Familia hukaa mezani, mtoto mdogo huuliza kwa nini usiku huu ni tofauti, na wakubwa humjibu kwa kusimulia kutoka Misri. Humo mna sentensi inayotamkwa kila mwaka: katika kila kizazi mtu anapaswa kujiona kana kwamba yeye mwenyewe ndiye aliyetoka Misri. Angalia vizuri. Haimwambii akumbuke babu zake. Inamwambia ni yeye.

Hagada ninayoipenda kuliko zote ni ya Sarajevo. Ilichorwa Hispania karibu mwaka 1350. Mwaka 1492 Wayahudi wakafukuzwa Hispania, na kitabu kikatangatanga nao. Kuna sahihi ya mkaguzi wa Kanisa aliyekisoma na kukiachia, mwaka 1609, na inaaminika ni Venice tena. Mwaka 1894 makumbusho ya Sarajevo yakakinunua. Wanazi walipokuja kukitaka mwaka 1942, mkutubi Derviš Korkut, Mwislamu, alikitorosha. Inasimuliwa kilifichwa kwa imamu wa kijiji cha milimani. Vita vya Bosnia vilipoanza mwaka 1992, ni Mwislamu mwingine, Enver Imamović, aliyekitoa makumbusho huku mji ukipigwa mabomu. Kurasa zake zina madoa ya divai. Kwenye picha moja familia imekaa mezani, na miongoni mwao yupo mwanamke mweusi, mkate usiotiwa chachu mkononi, amevaa kama wenzake. Wataalamu wanabishana kama ni mtumishi au ni mwenye nyumba.

Mmoja wa wachoraji wa Kiyahudi wa karne ya 20 waliojulikana zaidi, Marc Chagall, mzaliwa wa pande za Vitebsk, Belarus ya leo, alikwenda mbali zaidi: alimchora Yesu. Mchoro wake wa mwaka 1938 uko Chicago. Yesu yuko msalabani katikati ya mwanga mweupe, lakini kiunoni amefungwa ile shuka ya mistari ambayo mwanamume Myahudi hujifunika akisali, na kichwani ana kitambaa badala ya taji la miiba. Kumzunguka, nyumba zinawaka, sinagogi linateketea, boti imejaa wakimbizi, mzee mmoja anakimbia na gunia mgongoni. Mwingine hapo chini alikuwa na kibao shingoni kilichosema kwa Kijerumani "Mimi ni Myahudi". Chagall baadaye alikifuta. Kwa karne nyingi Ulaya ya Wakristo iliwatesa Wayahudi kwa madai kwamba wao ndio waliomuua Yesu. Chagall hakujibu kwa maneno. Alimvisha tu Yesu nguo zake.

Kiebrania kipya, ubishi uleule

Mwaka 1881 Eliezer Ben-Yehuda alihamia Yerusalemu akaamua nyumbani kwake hakuna lugha nyingine ila Kiebrania. Mwanawe alikatazwa kusikia kingine. Kiebrania cha maandiko hakikuwa na maneno ya mambo ya kisasa, basi akayaunda, moja baada ya jingine, kama watu wetu walivyotuletea kishikwambi na ngamizi. Leo ni lugha ya soko, jeshi na matusi.

Ikishakuwa lugha ya nchi, haibaki ya Wayahudi peke yao. Anton Shammas, Mwarabu Mkristo, alichapisha riwaya ya Kiebrania mwaka 1986. Sayed Kashua, Mwarabu Mwislamu, aliwachekesha na kuwakera Waisraeli kwa Kiebrania miaka mingi. Upande wa pili, Sami Michael, Myahudi wa Baghdad, aliacha Kiarabu cha ujana wake na kujifunza Kiebrania ukubwani ndipo akaandika riwaya. Na mwaka 1949, vita vya kuundwa kwa dola vikiwa havijapoa, S. Yizhar alitoa hadithi ya wanajeshi wa Kiyahudi wanaowafukuza wanakijiji wa Kipalestina, ambamo msimulizi, mmoja wa wanajeshi hao, anawatazama wanaopakiwa kwenye malori na kuona uhamisho wa babu zake mwenyewe. Mwandishi alikuwa mwanajeshi, na alikuja kukaa bungeni miaka mingi. Hadithi ikasomwa shuleni. Ilipofanywa filamu ya televisheni mwaka 1978, nchi ikagawanyika.

Sisi wa Afrika Mashariki tulikaribia kuingizwa kwenye hadithi hiyo. Mwaka 1903 Uingereza ilimpa Herzl wazo la makazi ya Wayahudi katika kile kilichoitwa "mpango wa Uganda", ingawa ardhi yenyewe ilikuwa uwanda wa Uasin Gishu, Eldoret ya Kenya. Waliokuwa wakiishi hapo hawakuulizwa. Ujumbe ulikuja kukagua, na mwaka 1905 mkutano mkuu wa Wazayuni ukaukataa mpango huo.

Uganda ilipata Wayahudi wake kwa njia nyingine. Semei Kakungulu, jemadari wa Kiganda aliyewasaidia Waingereza kuteka mashariki ya nchi kisha akahisi wamemdhulumu, alijifungia na Biblia ya Kiganda. Akafikia kwamba wanaume watahiriwe. Wenzake wakamwambia hayo ni mambo ya Wayahudi. Inasimuliwa akajibu, basi mimi ni Myahudi. Na mwaka 1919 akatahiriwa pamoja na wanawe. Jamii yake, Abayudaya, iko karibu na Mbale hadi leo. Marabi wa kutoka nje waliwapokea rasmi mwaka 2002, na zaburi zao wanaziimba kwa Kiganda, sauti zikipangwa kama za kwaya ya kijijini, kidogo Kiebrania kikiingia na kutoka.

Idi Amin aliipiga marufuku dini yao. Masinagogi yakafungwa, wengi wakabadili dini, waliobaki wakasali kwa siri. Kisha jeshi la Tanzania, nchi ya mfasiri wa Mabepari wa Venisi, likavuka mpaka. Kampala ilianguka tarehe 11 Aprili 1979. Jua lilipotua siku hiyo, kwa kalenda ya Kiyahudi, uliingia usiku wa kwanza wa Pasaka.